Koliflawa ya Kuokwa kwa Gochujang: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Hii ni mboga ya pembeni: koliflawa inaokwa kwa moto mkali mpaka kingo zake zinakuwa kahawia, kisha inapakwa mchuzi mzito mwekundu wa gochujang, kile kiungo cha Kikorea cha pilipili iliyochachushwa. Nimeipika mara nyingi, nimeiunguza mara kadhaa, na karibu kila anayeila kwangu huondoka na swali. Maswali yenyewe ni haya. Mwenye haraka aruke moja kwa moja hadi kwenye vipimo na hatua, lakini asipite bila kusoma kwa nini mchuzi unaingia mwishoni. Hapo ndipo wengi wanapoharibu.

Gochujang ni kitu gani hasa?

Ni rojo zito jekundu la unga wa pilipili, unga wa mchele wa kunata, soya iliyochachushwa, kimea cha shayiri na chumvi. Kwa utaratibu wa asili mchanganyiko huu hukaa miezi kadhaa kwenye mitungi ya udongo iitwayo onggi, nje ya nyumba, ukipigwa jua. Kimea hugeuza wanga wa mchele kuwa sukari, na soya hutoa ule utamu mzito unaofanana na wa supu ya nyama iliyochemka muda mrefu. Ndiyo maana ukilamba kidogo kwenye kijiko, utamu unafika kwanza, chumvi inafuata, na ukali unakuja nyuma polepole kama mgeni aliyechelewa.

Mji wa Sunchang, kusini-magharibi mwa Korea Kusini, ndio uliojijengea jina kwa gochujang. Desemba 2024 UNESCO iliingiza utengenezaji wa jang kwenye orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Jang ni ukoo mzima wa viungo hivyo vya soya: gochujang, doenjang (rojo la soya lisilo na pilipili) na ile soya sosi yao iitwayo ganjang. Pilipili yenyewe ilifika huko ikiwa mgeni. Asili yake ni bara la Amerika, nayo ilivuka bahari na wafanyabiashara wa Kireno baada ya 1492, walewale walioipitisha pwani yetu.

Usiichanganye na chupa za sosi ya pilipili za mezani. Zile ni nyepesi, za siki, na hazijapitia safari hii.

Je, Wakorea wenyewe wanapika hivi?

Kwa koliflawa na oveni, hapana, si kwa asili. Oveni si chombo cha jiko la Kikorea la zamani, na mboga nyingi za huko huchemshwa kidogo au kupikwa kwa mvuke, zikakamuliwa maji, zikachanganywa na viungo kwa mkono. Hii ninayoieleza ni mboga ya majiko ya siku hizi, ya watu waliochukua kiungo cha kule wakakitia kwenye oveni ya huku. Sioni aibu kusema hivyo.

Lakini iko mboga moja ya Kikorea ya tangu zamani ambayo ni mama wa wazo hili. Inaitwa deodeok-gui. Deodeok ni mzizi mweupe wenye harufu ya msituni. Humenywa, ukapasuliwa, ukagongwa taratibu mpaka ulale bapa, kisha hupakwa soya sosi na mafuta ya ufuta na kuchomwa mara ya kwanza. Ukishaiva kiasi ndipo hupakwa mchuzi wa gochujang na kurudishwa motoni kwa muda mfupi. Angalia mpangilio huo: moto mara mbili, pilipili mara ya pili tu. Mimi nimeuhamisha kwenye koliflawa.

Na kama umewahi kuchoma samaki wa kupaka, hili si geni kwako. Samaki huchomwa kwanza kwenye makaa, tui zito linapakwa akiwa ameshaiva. Hakuna mpishi wa pwani anayemwaga tui juu ya samaki mbichi halafu akaanza kuchoma.

Nahitaji nini, na kiasi gani?

Kwa watu 4, wakiila pembeni ya wali:

Koliflawa moja ya kama gramu 800. Mafuta ya alizeti vijiko 3 vya chakula. Chumvi nusu kijiko cha chai.

Kwa mchuzi: gochujang vijiko 2 vya chakula, soya sosi kijiko 1 cha chakula, asali kijiko 1 cha chakula, siki ya mchele kijiko 1 cha chakula (au maji ya nusu ndimu), punje 3 za kitunguu saumu, kipande cha tangawizi cha ukubwa wa kidole gumba, na maji vijiko 2.

Kwa kumalizia: mafuta ya ufuta uliokaangwa kijiko 1 cha chai, ufuta wenyewe kijiko 1 cha chakula, na vitunguu majani mashina 2.

Kitunguu saumu na tangawizi vikunwe, visikatwe. Vipande vya kitunguu saumu vikikaa juu ya koliflawa huungua kabla ya kitu kingine chochote, na kitunguu saumu kilichoungua ni kichungu hata ukikifunika kwa asali ya Tabora nzima.

Hatua zikoje?

Washa oveni nyuzi 220 za Selsiasi. Kama ina feni, nyuzi 200 zinatosha. Oveni za gesi zenye namba, weka 7. Trei iingie humohumo ndani ipate moto tangu mwanzo.

Gawa koliflawa kwenye vishada vyake, kisha vile vikubwa uvipasue katikati ili kila kimoja kiwe na uso bapa. Uso huo ndio utakaolala kwenye trei na kupata rangi. Changanya na mafuta na chumvi kwa mkono mpaka kila kishada king'ae. Toa trei ya moto, mwaga koliflawa, na utasikia inalia "chwaaa". Ukisikia hivyo ujue umeanza vizuri. Panga haraka, uso bapa chini, visibanane.

Oka dakika 20 bila kugusa. Geuza, oka nyingine 5. Wakati huo koroga vitu vya mchuzi kwenye bakuli kubwa.

Toa koliflawa, itie kwenye bakuli la mchuzi, pindua mpaka ienee, irudishe kwenye trei. Dakika 6 hadi 8 tena. Usiondoke jikoni. Mchuzi ukianza kutoa vipovu na kuwa na doa jeusi hapa na pale kwenye ncha, toa. Nyunyiza mafuta ya ufuta, ufuta na vitunguu majani.

Kwa nini nisichanganye vyote tangu mwanzo nikaoka mara moja?

Kwa sababu nimejaribu. Mara yangu ya kwanza nilifuata maelekezo yaliyosema tia kila kitu kwenye bakuli moja, oka dakika 30. Dakika ya 12 nyumba ikanukia sukari inayoungua. Mama mkwe alikuwa barazani, akaniita: "Mwanangu, huo ubani gani unaufukiza?" Nilipofungua oveni, nje ya koliflawa ilikuwa nyeusi kama makaa, ndani bado ngumu inalia menoni. Trei ililala kwenye maji usiku kucha.

Sababu ni sukari. Gochujang ina sukari ya mchele, za dukani huongezwa sharubati juu yake, na sisi tunatia asali tena. Sukari kwenye tabaka jembamba, ndani ya nyuzi 220, haina dakika 30. Koliflawa nayo haiwezi kuiva na kupata rangi chini ya dakika 20. Ratiba zao haziendi pamoja, basi kila mmoja mpe zamu yake.

Kuna sababu ya pili, nayo haisemwi sana. Mchuzi una maji. Ukiutia mwanzoni, koliflawa inakaa ndani ya unyevu, na kitu chenye unyevu juu yake hakivuki nyuzi 100 mpaka maji yaishe. Rangi ya kahawia na ile harufu ya kitu kilichochomwa huanza kuja kwa nguvu joto la uso likipita kama nyuzi 140. Ukichelewesha mchuzi, unaipa koliflawa nafasi ya kukauka na kuchomeka kwanza, halafu mchuzi unakuja kushika juu ya uso uliokauka. Unashika vizuri zaidi, kama rangi juu ya ukuta uliopigwa msasa.

Yangu inatoka laini na majimaji, kama iliyochemshwa. Nakosea wapi?

Karibu kila mara ni moja kati ya haya matatu.

La kwanza ni maji ya kuoshea. Koliflawa yenyewe ni maji kwa karibu asilimia 92, nawe ukiiosha na kuikata ikiwa inachuruzika umeongeza tatizo juu ya tatizo. Ioshe mapema, ikamue kwa kitambaa, iache juu ya meza nusu saa. Mimi huiosha kabla ya kwenda kuoga.

La pili ni msongamano. Vishada vikipandana, mvuke hauna pa kutokea na vinapikana vyenyewe. Acha nafasi ya upana wa kidole kati ya kishada na kishada. Koliflawa ikizidi trei, tumia trei mbili au oka kwa mikupuo miwili. Najua inachosha. Ndiyo njia yenyewe.

La tatu ni oveni inayodanganya. Oveni nyingi za majumbani husema 220 kumbe iko 190. Kama keki zako huchelewa kuiva kila siku, oveni yako ni ya kundi hilo. Ipandishe hadi mwisho na uipe dakika 20 nzima za kupata moto kabla ya kuanza. Sogeza trei kwenye ngazi ya chini, karibu na moto.

Sina oveni. Nina jiko la mkaa tu.

Basi una kitu bora kuliko unavyodhani. Bibi zetu walioka mkate wa kumimina na keki kwa kupalia makaa juu na chini, na koliflawa inakubali vilevile, ila kwa marekebisho.

Chukua sufuria nzito na pana. Iweke kwenye jiko lenye moto wa wastani, itie mafuta, iache ipate moto. Panga koliflawa tabaka moja tu, uso bapa chini. Funika kwa sinia la bati na palia makaa yanayowaka vizuri juu yake. Moto wa juu uuzidi wa chini. Kwa mkate hufuniki nusu nusu, lakini hapa acha mwanya: chomeka kijiti au kijiwe ukingoni ili mvuke utoke. Usipofanya hivyo utapata koliflawa ya mvuke, ambayo ni nzuri kwa mgonjwa.

Chungulia baada ya dakika 12. Chini ikiwa kahawia, geuza, funika tena dakika 8. Kisha epua, pakaza mchuzi, rudisha dakika 4 kwa moto wa juu tu, chini utoe makaa karibu yote, la sivyo mchuzi utagandia sufuria. Fanyia kazi hii uani. Gesi ya sumu inayotoka kwenye mkaa huua ndani ya chumba kilichofungwa, na haina harufu ya kukuonya.

Njia nyingine ni kuchoma moja kwa moja juu ya wavu. Hapo usigawe vishada. Kata koliflawa vipande vinene kama mkate, upana wa sentimita 2 na nusu, kila kimoja kikibaki na sehemu ya shina inayokishikilia. Paka mafuta, choma kila upande dakika 7 hivi, mchuzi upakwe mwishoni kwa brashi au kwa jani la mgomba lililokunjwa. Kwa ladha, hii naipenda kuliko ya oveni. Harufu ya moshi na gochujang zinaelewana.

Na eafraya, kile chombo cha umeme cha kupikia kwa hewa moto?

Inafaa sana kwa watu wawili. Nyuzi 200, dakika 12 ukitikisa mara moja, mchuzi, dakika 3. Usijaze kikapu.

Gochujang sipati mahali nilipo. Nitumie nini badala yake?

Miji mikubwa huipata kwenye maduka makubwa na yale yanayouza vyakula vya Asia, na ndugu zetu walioko Muscat, Dubai au Toronto hawana shida hiyo. Ukikosa kabisa, unaweza kutengeneza kitu cha kusukumia siku: kijiko 1 cha chakula cha paprika, nusu kijiko cha chai cha pilipili ya unga, kijiko 1 cha chakula cha nyanya ya kopo, kimoja cha soya sosi, kimoja na nusu cha asali. Koroga, uache dakika 10.

Itakuwa tamu, lakini haitakuwa gochujang. Kitakachokosekana ni ule mchachuko, na hauwezi kuigwa kwa dakika 10. Ukiwa na miso nyumbani, lile rojo la Kijapani la soya iliyochachushwa, nusu kijiko kitasogeza mambo.

Sambal ya Indonesia inafaa pia, ila mara nyingi ina kamba waliochachushwa, kwa hiyo mwulize mgeni asiyekula vitu vya baharini. Doubanjiang ya Sichuan, ile ya maharage mapana na pilipili, ina chumvi nyingi zaidi: tumia nusu ya kiasi na ondoa soya sosi. Usitie ukwaju badala ya siki hapa. Nimeufanya huo ujanja, ukatoka mchuzi wa bajia. Si mbaya, ni chakula kingine.

Ni kali kiasi gani? Watoto wanaweza kula?

Kwa mtu aliyezoea pilipili mbuzi, haya ni maneno matupu. Pilipili mbuzi hupita 100,000 kwa kipimo cha Scoville. Gochujang nyingi za dukani ziko katika elfu chache tu. Kikopo huandikwa daraja la ukali, na Wakorea wana madaraja matano, kutoka pole hadi kali kupindukia. La kati linatosha.

Watoto wangu wa ndugu wanakula nikipunguza gochujang hadi kijiko kimoja na kuongeza asali nusu. Anayetaka ukali zaidi asiongeze gochujang, kwa sababu atakuwa anaongeza chumvi na sukari pamoja nayo. Akatekate pilipili kichaa mbichi moja juu ya sahani yake mwenyewe, asitulazimishe wote.

Imenizidi, mdomo unawaka. Ninywe maji?

Usinywe. Kinachowasha kwenye pilipili huyeyuka kwenye mafuta, kwenye maji hakiyeyuki, kwa hiyo maji yanakitembeza tu mdomoni. Kunywa maziwa au mtindi, au tafuna wali mweupe.

Gochujang ni halali?

Soma kikopo. Nyingi za viwandani huongezwa kiasi kidogo cha pombe ili mchachuko usimame na kopo lisivimbe, na huandikwa wazi kwenye orodha ya vilivyomo. Zipo zenye nembo ya halali, hasa zile zinazopelekwa Malaysia, Indonesia na Ghuba. Mimi hununua hizo, kwa sababu mezani kwangu huketi watu wa kila namna na sitaki mtu ale kwa wasiwasi. Mirin, ule mvinyo mtamu wa mchele wa Kijapani ambao baadhi ya mapishi hutia kwenye mchuzi huu, nayo ina pombe. Sijaiweka kwenye vipimo vyangu, asali na siki vinafanya kazi yake.

Anayezuiwa ngano aangalie pia. Soya sosi ya kawaida ina ngano, na gochujang nyingi za siku hizi nazo zinayo.

Mzee wetu ana presha. Chumvi yake ikoje?

Ni nyingi, tusidanganyane. Kijiko kimoja cha chakula cha soya sosi pekee kina karibu miligramu 900 za sodiamu, na Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asifike 2,000 kwa siku nzima. Kijiko hicho kimegawanywa kwa watu 4, lakini gochujang nayo ina yake. Kwa sahani ya mzee ninafanya hivi: nampunguzia vishada kabla ya kutia mchuzi, vikiwa vimeokwa kwa mafuta tu bila chumvi, namkamulia ndimu na kumnyunyizia ufuta. Hupenda, tena husema hiyo ya wenzake inanukia dukani.

Mafuta ya ufuta yapi? Nayaona ya aina mbili.

Unayoyataka ni yale ya rangi ya chai ya rangi, yaliyokamuliwa kwa ufuta uliokaangwa kwanza. Ni ya harufu, si ya kukaangia. Matone machache yanatosha, tena baada ya kuepua, maana moto mkali hula harufu yake. Mtaniambia deodeok hupakwa mafuta hayohayo kabla ya kuchomwa. Ni kweli, ila wale huchoma taratibu, hawaingii nyuzi 220.

Mafuta ya manjano mepesi, ya ufuta usiokaangwa, ni mazuri kupikia lakini hayatakupa harufu hiyo. Ukiwa na hayo tu, usihangaike. Kaanga ufuta kwenye kikaango kikavu mpaka uanze kurukaruka na kunukia kama karanga, utwange kidogo na chumvi kwenye kinu, nyunyiza kwa wingi. Tanzania inalima ufuta kwa magunia, Lindi na Mtwara wanajua, basi hakuna sababu ya kuununua kwenye vichupa vidogo vya vioo kwa bei ya manukato.

Naweza kutumia mboga nyingine?

Njia ni ileile, dakika ndizo zinazobadilika. Karoti zilizopasuliwa kwa urefu, dakika 25 kabla ya mchuzi. Maharage machanga, wanayoyaita mishiri Kenya, dakika 12 tu. Viazi vitamu dakika 25, na asali uiondoe kabisa, vina sukari ya kutosha. Kabichi iliyokatwa vipande vinene kama vya tikiti, dakika 22: hii ndiyo ya bei nafuu kuliko zote na mara nyingine naiona inaishinda koliflawa yenyewe, hasa zile kingo za majani zinapokauka na kuwa kama bisi.

Biringanya ni mlevi wa mafuta. Yapake kwa brashi, usiyamwage, na uipe dakika 25. Bamia zioke nzima, bila kukata hata kichwa, dakika 15, nazo hazitakuwa na mlenda. Watu wasiokula bamia wamekula hizo kwangu wakidhani ni kitu kingine.

Mchicha, matembele na kisamvu viache. Havikuumbwa kwa oveni.

Niile na nini?

Wakorea hupanga mezani vibakuli vingi vya banchan, yaani mboga za pembeni, wali ukiwa kati na supu karibu. Kila mtu anachota kidogo hapa, kidogo pale. Kwa mpangilio huo hii hukaa vizuri na wali mweupe, yai la kukaanga na kachumbari ya tango yenye siki. Wali usiwe wa nazi. Nazi na gochujang hugombea utamu na hakuna anayeshinda.

Kwa samaki wa kuchoma au kuku wa kuchoma, ni sawa kabisa. Kwa ugali, nimejaribu na siipendekezi: mchuzi ni mchache, ugali unabaki mkavu kooni. Kwa chapati moto, ukaifunga ndani na mtindi kidogo, hapo umepata chakula cha mchana cha kazini.

Nina wageni 12. Naweza kuandaa mapema?

Kata na kausha koliflawa asubuhi, changanya mchuzi asubuhi, viweke kwenye friji kila kimoja peke yake. Unaweza hata kuoka ile hatua ya kwanza saa mbili kabla na kuiacha kwenye trei. Wageni wakiingia na kuanza kusalimiana, pakaza mchuzi na uirudishe kwenye oveni dakika 10. Salamu zetu zinatosha dakika hizo.

Umeme ukikatika katikati, kama ulivyonikatikia mimi siku ya arusi ya binamu, usifungue mlango wa oveni. Joto lililomo humaliza kazi ya dakika 10 nyingine. Hatua ya mchuzi niliimalizia kwenye kikaango juu ya gesi, na hakuna aliyejua.

Kopo likishafunguliwa linakaa muda gani? Na mboga yenyewe?

Gochujang kwenye friji hukaa miezi mingi. Juu yake itakuwa nyeusi kidogo kwa hewa, si kuharibika. Isawazishe kwa kijiko, bandika kipande cha nailoni juu yake ndipo ufunike, na usiingize kijiko chenye maji. Ukiona ukungu, tupa.

Mboga iliyopikwa, siku 3 kwenye friji. Haitarudi kuwa kavu kama ilivyokuwa, usiipashe ukitegemea hivyo. Ikatekate, ikaange na wali wa jana na yai kwa moto mkubwa.

Majani na shina la koliflawa nitupe?

Wee! Shina limenye ganda lake gumu, likate vipande vyembamba, lioke pamoja na vishada. Ni tamu kuliko maua yenyewe. Yale majani madogo ya ndani, ya kijani hafifu, yapake mafuta na uyatie kwenye trei zikiwa zimebaki dakika 8. Yanakauka na kuvunjika kama kachori iliyokaa, na kwangu hayajawahi kufika mezani. Mpishi huyala akiwa amesimama.